Mtu Huru Kuliko Wote London

London, 12 Mei 1931

Mdogo wangu Mabel,

Habari za Nether Coombe? Mama hajambo, na goti lake je? Mimi mzima, ila mafua ya Aprili yamekataa kuhama, na mama mwenye nyumba wangu amenunua kinanda. Yeye hapigi. Anayepiga ni binti yake, wimbo mmoja tu, tangu Pasaka. Sasa unaelewa kwa nini nashinda nje.

Habari kubwa ni kwamba mchapishaji amekubali. Makala zangu za kutembea mjini, ambazo wewe unaziita hadithi za miguu, zitakuwa kitabu mwezi wa Novemba. Anataka kumi na mbili, ninazo kumi na moja. Kwa hiyo kila siku nikishakunywa chai navaa kofia, natoka kutafuta ya kumi na mbili. Desturi yangu unaijua: simsemeshi mtu, simuulizi mtu jina, na sisimami. Hilo la kutosimama sikulichagua. Mwanamke akisimama peke yake kwenye kona ya mtaa wa Strand, baada ya dakika mbili atatokea mwanamume wa kumuuliza anamngoja nani, na baada ya tano atatokea polisi. Akitembea, hakuna anayemwona. Mama alipokuwa na umri wangu hakuweza kufika hata posta bila mtu wa kumsindikiza. Mimi natoka asubuhi, narudi jioni, na hakuna anayejua nilikuwa wapi. Kuna siku jambo hilo hunifurahisha hadi nikacheka peke yangu njiani kama mwehu.

Wiki hii nimempata mtu. Uso sijauona, ni mgongo tu: koti jeusi, kofia nyeusi ya duara, mwavuli. Nimemfuata siku mbili. Anapita Holborn, anateremka hadi mtoni, anapanda tena hadi kanisa la St Paul's, anaketi dakika kumi, anainuka, anaanza upya. Ana miguu mirefu na mimi nahema nyuma yake. Haendi popote, Mabel! Hana bosi wala mke wa kumuuliza amechelewa wapi. Nadhani ndiye mtu huru kuliko wote London. Kesho namfuata tena.

Shemeji Ambrose hajambo? Chumba chake cha kupanga hakiko mbali na kwangu, na tangu mwaka jana hatujaonana. Ni aibu yetu wote wawili. Mwambie hivyo akija Jumamosi.

Dada yako,
Ursula

*

Nether Coombe, 20 Mei 1931

Dada Ursula,

Asante kwa barua, na hongera kwa kitabu. Mama anakusalimu. Goti lake linatabiri mvua, na mvua inamtii. Nilimsomea makala yako ya mwezi uliopita, ile ya kuvuka daraja. Aliponiuliza, "Alikwenda kununua nini?" nikamwambia hakununua kitu. "Basi alikwenda kumwona nani?" Hakumwona mtu. Akafikiri sana. "Lakini alifika?" Makala nimeisoma mara mbili na sijui kama ulifika.

Kuku wangu wawili wamekufa, sijui kwa nini. Chama cha kushona cha kanisa tumemaliza kitambaa cha madhabahu, cha kijani, na mke wa kasisi, Bibi Thackwell, alitugawia uzi uliobaki kama malkia anayegawa nishani. Nina uzi wa kijani wa kunitosha mpaka kaburini.

Ambrose yu mzima. Anaondoka Jumatatu kwa treni ya saa moja, anarudi Jumamosi mchana kama siku zote. Amekonda kidogo, lakini London hukondesha watu. Viatu vyake nimevipeleka tena kwa fundi. Usijisumbue kumtafuta. Mchana yuko ofisini, na jioni huwa amechoka.

Na huyo mtu wako wa mwavuli mwache aende zake. Mtu anayezunguka siku nzima huenda ana sababu ambayo haikuhusu.

Mdogo wako,
Mabel

*

London, 3 Julai 1931

Mdogo wangu Mabel,

Nisamehe kwa ukimya. Natumaini Mama ameanza kukaa bustanini sasa kwa kuwa jua limerudi, na kuku waliobaki wanajitahidi. Kinanda kimeharibika. Nawashuku wapangaji wote, nikiwemo mimi.

Nakutumia gazeti la wiki hii. Makala yangu iko ukurasa wa saba. Ndiyo ya kumi na mbili, na mhariri anasema sijawahi kuandika nzuri kama hii. Naomba uisome peke yako kwanza, kabla ya kumsomea Mama. Isome polepole. Kuna sehemu ya mwavuli ambayo ningependa uniambie unaionaje:

"Mkanda wa kufungia mwavuli wake ulikuwa umekatika, na mtu fulani aliushona upya kwa uzi wa kijani, kijani cha wazi kabisa, juu ya kitambaa cheusi. Nani aliushona? Mtu asiyejua rangi, au mtu aliyejua rangi vizuri na akataka mwavuli huu usipotee kati ya miavuli mingine yote."

Niandikie ukishasoma. Hata mistari miwili itatosha.

Dada yako akupendaye,
Ursula

*

London, 31 Julai 1931

Mabel mpenzi,

Hujambo? Mama je? Nauliza tu. Wiki nne zimepita, na sijui kama gazeti lilifika au posta wamelipoteza. Kama lilipotea nitatuma jingine. Kama halikupotea, niambie hivyo pia.

Ursula

*

Nether Coombe, 12 Agosti 1931

Dada Ursula,

Sisi wazima. Mama hajambo, ila amegombana na mtu wa maziwa na sasa tunakunywa chai bila maziwa mpaka mmoja wao aombe radhi.

Mwaka huu plamu zimezaa hadi matawi yanavunjika. Nimepika jamu siku tano mfululizo, mitungi thelathini na minane. Siri ni kutoa kokwa zote na kutoondoka jikoni hata sekunde moja, maana jamu ikijua umegeuka inaungua. Karatasi za kufunikia mitungi zilituishia, Mama akachukua magazeti.

Gazeti lako lilifika. Liko stoo, juu ya mitungi.

Ambrose mzima. Mvua ilinyesha Jumapili.

Mabel

*

London, 16 Agosti 1931

Mdogo wangu,

Nimesoma barua yako mara sita. Mitungi thelathini na minane, na juu yake mimi. Nimestahili. Sasa na mimi nitatoka jikoni niache jamu iungue.

Siku ile ya tatu nilimfuata yule mtu mpaka chini ya mteremko wa Ludgate Hill. Alisimama ghafla kufunga kamba ya kiatu, nikakaribia kumgonga. Akageuka, akavua kofia. Alikuwa Ambrose.

Unajua alisema nini? "Habari za asubuhi, Ursula. Naona mvua imekubali kutuacha." Nami nikajibu kwamba kweli, imekubali. Tulikaa kwenye mkahawa mdogo nikamwagizia chai na mkate. Alikula akijitahidi nisione jinsi anavyokula. Ofisi yao ilipunguza watu mwezi wa Machi, karani aliyewatumikia miaka kumi na tisa akapewa barua na mkono wa kwaheri. Tangu siku ile anaandika maombi ya kazi asubuhi na mapema. Kisha lazima atoke, kwa sababu mama mwenye nyumba wake hataki mpangaji ndani kati ya saa tatu asubuhi na saa kumi na mbili jioni. Ndiyo maana anatembea. Yule niliyemwita mtu huru kuliko wote London alikuwa amefungiwa nje.

Alinishika mkono, jambo ambalo Ambrose hajawahi kufanya, akasema, "Usimwambie Mabel. Jumamosi nikiingia pale mlangoni, mimi bado ni yule yule. Niachie hiyo." Nikaapa. Na kwa kuwa niliapa sikukuandikia.

Lakini ule uzi nilikuwa nimeuona, na barua yako ilipofika ikisema unao wa kukutosha mpaka kaburini, nilielewa ni mkono wa nani. Nikajiambia: nikiuacha ndani ya makala, Mabel atajua, na mimi sitakuwa nimevunja kiapo. Nilijiona mwerevu. Sasa nijibu kwa maneno, hata yawe makali kiasi gani. Mwambie unajua. Mlete nyumbani.

Ursula

*

Nether Coombe, 4 Septemba 1931

Ursula,

Mama anakusalimu. Hajui ninachokuandikia.

Ulidhani sijui? Wewe mwenye macho yanayolipwa na magazeti, ulidhani mimi wa kijijini sioni? Karani anakaa kitini siku nzima. Karani hatoboi soli mbili kwa mwezi. Mwezi wa Machi nilipeleka viatu vyake kwa fundi, wa Aprili nikapeleka tena, na fundi akaniuliza kama bwana siku hizi anapeleka barua. Nilijua kabla Aprili haijaisha. Nilimvua soksi nikaona malengelenge. Nikafua soksi. Nikapika nyama ya Jumapili. Nikamuuliza habari za ofisi? Sikumuuliza, na yeye aliona simuulizi, akapumua. Hicho ndicho nilichokuwa nampa, Ursula, kutojua kwangu. Sikuwa na kingine cha kumpa. Nilikilinda kuliko jamu.

Wewe umekichukua ukakichapisha.

Na sikiliza, maana hili hujui. Bibi Thackwell naye hununua lile gazeti lako. Alhamisi ya pili ya Julai alikuja nalo kwenye chama cha kushona. "Leo nina kitu cha kutuchekesha, wapenzi," akaanza kusoma kwa sauti. Wanawake kumi na moja tumekaa na sindano mkononi. Mtu wa mwavuli anazunguka, wanacheka. Mtu wa mwavuli anaketi na njiwa, wanacheka. Akafika kwenye uzi. "Kijani cha wazi kabisa, juu ya kitambaa che..." Akanyamaza. Akatazama kikapu cha uzi kilichokuwa mezani. Kisha akanitazama mimi. Kila aliyekuwa mle ndani alitazama sindano yake. Unajua yule mama alisema nini? "Bibi Pettifer, nikuongezee chai?"

Nikasema ndiyo, asante. Nikanywa.

Hakuna aliyeniuliza neno mpaka leo. Ambrose akipita Jumapili kanisani wanamsalimu kwa upole ambao hawakuwa nao zamani. Ninaogopa siku moja ataushtukia. Akijua kijiji kinajua, hatarudi Jumamosi. Namjua mume wangu. Atabaki huko huko London akitembea mpaka aanguke, na itakuwa kwa sababu ya sentensi yako nzuri.

Unaniambia nimwambie. Wewe hukukaa naye miaka kumi na nne. Ninachotaka kwako ni kimoja: iondoe kwenye kitabu. Usiniambie habari za mhariri.

Mabel

*

London, 7 Septemba 1931

Mdogo wangu,

Busu kwa Mama. Sitauliza mengine.

Nimekwenda kwa mchapishaji asubuhi hii. Kurasa zimeshapangwa. Alipiga meza, akasema ndiyo makala watu wanayoiuliza, na kwamba bila hiyo kitabu ni mwanamke anayepunga upepo. Nikamwambia basi kitabu ni hicho. Inaondolewa. Zitakuwa kumi na moja.

Sasa nina deni la kweli kwako, maana barua yangu ya Agosti ilikuwa na nusu yake tu. Nilisema niliuacha uzi ili wewe ujue. Nilipokuwa naandika niliamini hivyo. Lakini nikikaa peke yangu nauliza: kama uzi ungekuwa wa kahawia, usio na maana kwa yeyote, ningeitupa makala? Nisingeitupa, Mabel. Ilikuwa nzuri. Ningetafuta sababu nyingine. Nimetembea miaka kumi na mbili nikiwatazama watu na kujipongeza kwamba sisumbui mtu, simuulizi mtu jina. Nimeanza kuona kwamba kutouliza jina ni raha ya mwenye kutazama tu. Anayetazamwa hapati kitu.

Tangu nikutane naye nimemwona Ambrose mara nne mitaani. Mara zote nilivuka nikapita upande wa pili, ili asione aibu. Nadhani na yeye aliniona. Nadhani alishukuru. Sijui tena.

Siombi unijibu.

Ursula

*

Nether Coombe, Jumatano 7 Oktoba 1931

Dada Ursula,

Mama anakusalimu na anauliza kama kitabu kitakuwa na picha. Amepatana na mtu wa maziwa, kila mmoja anadai mwenzake ndiye aliyeomba radhi. Mimi sijambo. Nimekaa dirishani, miguu yangu imo ndani ya beseni la maji ya chumvi, na nitakueleza kwa nini.

Jumatatu nilivaa kofia ya kanisani nikamwambia Ambrose naenda naye London kwa daktari wa meno. Hakuuliza ni jino gani. Kwenye behewa tulikaa tukitazamana, yeye nyuma ya gazeti, mimi nyuma ya soksi niliyokuwa nafuma. Nilikuwa nimechoka, Ursula. Ile barua yako ya mwisho ilinikasirisha kuliko zote, kwa sababu ya lile neno lako, kwamba ulipita upande wa pili ili asione aibu. Nilijiona mimi mwenyewe humo. Kila Jumamosi napita upande wa pili wa mume wangu ndani ya nyumba yangu.

Kwenye stesheni ya Paddington akavua kofia kuniaga. Nikamwambia, "Nitakusindikiza kidogo. Daktari ataniona saa tisa."

"Ni mbali, Mabel."

"Miguu ninayo."

Basi tukaenda. Mwendo wake! Nilikuwa nakimbia. Tukafika Cheapside, mlango wa ofisi yao uko mbele yetu, na bawabu yule wa siku zote yuko kwenye ngazi. Nikajua sasa atasema. Ambrose akamwinulia kofia, bawabu akamwinulia yake, tukapita. Hakusema. Na mimi, nilivyo, nikasema, "Nyumba nzuri ile," kama vile sijawahi kuiona.

Alinionyesha kila kitu. Hakunieleza ni cha nini, alisema tu, "Hapa pana maji mazuri," au, "Kanisa hili huwasha jiko mapema." Kwenye maktaba magazeti yamebanwa juu ya mbao ndefu za mshazari, mtu asome amesimama asije akajisahau akakaa. Kwenye benchi la mtoni akaniambia dakika kumi zinatosha, zikizidi mlinzi anaanza kukutazama. Alinionyesha kama anavyowaonyesha wageni mboga zake huku nyumbani. Nilitaka kulia tangu saa nne asubuhi.

Kufikia saa nane kisigino changu kilikuwa kinatoka damu. Sikusema, maana hakuna aliyekuwa anasema kitu. Yeye ndiye aliyeona.

"Mabel, unachechemea."

"Sichechemei."

"Keti."

"Hapa? Kwenye ngazi za benki?"

"Keti, mke wangu."

Nikaketi. Akapiga magoti palepale kwenye lami na koti lake jeusi, watu wanatupita kulia na kushoto, akanivua kiatu. Soksi ilikuwa imeganda na damu. Akaushika mguu wangu, na bila kuinua kichwa akasema, "Sina kazi, Mabel. Tangu Machi."

"Najua."

"Tangu lini?"

"Tangu viatu vya Aprili."

Alikiweka kiatu changu kando. Kisha akasema, "Ile makala ya dada yako niliisoma wiki ileile ilipotoka, nimesimama pale maktaba. Nikajua umeshaisoma na wewe. Jumamosi nikafika na hofu, ukanipa chai, ukaniambia habari za kuku. Nikasema labda haijafika. Baadaye nikaingia stoo kuchukua jamu, nikajikuta mimi ndiye kifuniko cha mtungi. Nimeila ile jamu wiki saba, Mabel, nikijisoma."

Nilicheka. Mungu anisamehe, nilicheka mpaka kofia ikaanguka. Naye akacheka, na katikati ya kucheka akaanza kulia, nami nikalia, mchana kweupe, kwenye ngazi za benki, na watu wote wakapita wakitazama mbele kama walivyofundishwa na mama zao. Nikamuuliza kwa nini hakusema. Akanijibu, "Jumamosi ulionekana una furaha." Na mimi nilikuwa nimeivaa furaha ile ili yeye asijue kwamba najua. Miezi saba, Ursula, kila mmoja anajikondesha kumfichia mwenzake kitu ambacho wote wawili tunacho mkononi. Nimekugombeza wewe kwa kukichapisha, lakini sisi tungekwenda nacho mpaka kaburini.

Nikamwambia pia habari za Bibi Thackwell na ile chai. Hilo ndilo nililoliogopa kuliko yote. Alifunga kisigino changu kwa leso yake, akaifunga vizuri, akasema, "Kumbe ndiyo maana wananiuliza hali yangu." Tulipanda treni ya saa kumi na moja, pamoja. Chumba kile cha London amekiacha.

Sasa lako. Usiiondoe makala, kama mchapishaji hajaufunga mlango. Ni Ambrose anayesema, mimi nakuandikia tu. Anasema uzi uache, njiwa waache, hata "mtu huru kuliko wote" uiache, atakayecheka acheke. Lakini kuna neno moja anataka ulisahihishe. Umeandika kwamba mtu yule anatembea "polepole, kama anayeuonja mji." Nimemnukuu maneno yake mwenyewe: "Mwambie Ursula sikutembea polepole hata siku moja. Mtu asiye na kazi akienda polepole, polisi anamuuliza anazurura kutafuta nini. Akienda mbio, anaonekana anasubiriwa mahali. Ursula ameandika kwamba mwanamke hawezi kusimama mjini. Alidhani sisi tumeruhusiwa?"

Na mimi naongeza langu. Uliniandikia Mei kwamba ulikuwa unahema nyuma yake. Ulihema, kisha ukaenda kuandika "polepole" kwa kuwa lilikuwa neno zuri. Andika ulivyohema.

Sijui tutaishi vipi, usiniulize. Kazi hakuna, na anasema atapanda viazi kwenye kipande cha nyuma. Asubuhi hii, siku ya Jumatano ambayo kijiji kizima kinajua Ambrose Pettifer huwa yuko London, amechukua viatu vyangu kuvipeleka kwa fundi. Nilimwambia asubiri giza liingie. Akavaa kofia, akatoka. Ninamwona kutoka hapa dirishani. Bibi Thackwell alikuwa langoni kwake, akamwita, na Ambrose hakupita. Wanazungumza, sisikii wanachosema. Ninachoona ni kwamba amesimama katikati ya barabara, viatu vyangu vinaning'inia mkononi, watu wanampita, na yeye bado amesimama.

Mdogo wako,
Mabel